Azaa ya Mama Yake Oyuna

Wanawake wa Ibra, mji wetu huku Omani, wakiniona mpaka leo huniuliza, "Bibi, leo kafa nani?" kisha wanacheka. Wacha wacheke, fedheha niliitaka mwenyewe.

Mwanangu Zuwena alisoma Urusi, na huko alikaa chumba kimoja na Oyuna, Mmongolia aliyekuwa akisomea kuandika filamu. Miaka ya tisini Oyuna akaja kwetu kupumzika. Zamani serikali yao ikimlipa aandike, sasa hailipi tena, na filamu yake ya mwisho haikumliza mtu kwao (Zuwena ndiye aliyenambia), basi akaapa kalamu haishiki tena.

Asubuhi moja, Zuwena yuko kazini hospitali, Oyuna akanionesha picha ya mama yake, halafu akatia kanda yake kwenye video. Lugha hatuna, tunaelewana kwa vidole. Mara namuona bibi yule yule wa kwenye picha, kalala ndani ya hema, nje theluji, anamfunga mwanawe vifungo vya koti, kimoja kimoja, anakata roho! Nikalia, mimi nisiyelia ovyo, kisha nikaona haifai, mtoto wa watu kafiwa na mama, yumo nyumbani kwangu na hakuna aliyempa mkono wa pole, nikampigia simu jirani yangu Bi Salma: "Njooni, tuna azaa, mgeni wangu kafiwa."

Kabla ya adhuhuri sebule imejaa mabuibui, kahawa na tende, kila anayeingia anamlilia Oyuna begani, naye (hili sikulielewa) analia huku anatabasamu, anaionesha televisheni, anaweka mkono kifuani.

Zuwena akaingia. "Mama, nani kafa?"

"Mama yake. Nimemuona mwenyewe akikata roho."

"Mama! Yule yu hai! Hawakuwa na uwezo wa kulipa waigizaji, ndiyo akamtia mama yake kwenye filamu. Jana tu kapiga simu!"

Bi Salma akaweka fenjani chini. "Astaghfirullah! Na machozi yangu je?"

Zuwena akamfasiria Oyuna, ambaye kumbe alidhani filamu yake ndiyo iliyowaliza wote wale. Uso ukamshuka.

"Mwambie," nikasema, "hawa wamelia kwa sababu yangu. Lakini mimi nililia kwa kanda yake, kabla sijamwita mtu."

Akauliza, nililia pale wapi? Nikamfunga kifungo cha juu cha nguo yake.

Alirudi kwao akaandika tena. Baadaye ikatufikia kanda: kikongwe cha Kimongolia kimejitanda leso kama mimi, tena kimejitanda vibaya, kinamlilia mtu aliye hai. Ibra nzima wameiona.

Siku hizi mtu hanitoi chozi mpaka nipige simu kwao kwanza.