Karai la Mafuta la Dada Sau-king

Ukimsikia dada yangu Sau-king akisema "karai limefunguliwa," funga mdomo wako. Nakwambia kwa wema tu. Kila mwaka, siku chache kabla ya Mwaka Mpya wetu sisi Wachina, hubandika karai jikoni kwake mtaani Shau Kei Wan na kukaanga wontoni, vifurushi vya manda vilivyojazwa kamba na ngisi, za kula na za kugawia majirani. Mafuta yakishapata moto, mpaka wontoni ya mwisho itolewe, hakuna kutaja ugonjwa, kifo, kuungua wala kupungua. Neno baya likiyadondokea mafuta hayo, nyumba imeharibikiwa mwaka mzima. Ndivyo alivyokuwa mama yetu, na mama yake pia. Wengi siku hizi tunacheka. Dada hacheki.

Ni mwanamke mfupi, mikono imekomaa kwa kushona mikoba kiwandani, sauti yake inafika ghorofa ya chini bila simu. Mama alipofariki mimi nilikuwa mdogo, na yeye ndiye aliyenilea, kwa makofi na kwa mapenzi, sijui kipi kilizidi. Mimi ndiye niliyemshinda. Nina mdomo usio na breki, ukoo mzima unajua.

Mwaka ule nilikwenda kumsaidia roho ikiwa juu. Shemeji Hok-man, mumewe, alikuwa ameanguka kwenye ngazi za sokoni wakati wa vuli, kifua kimembana. Daktari alimpa vidonge vya kuweka chini ya ulimi, akatuambia wote mbele yake: kikibana tena, hospitali papo hapo, hakuna kungoja. Kwa hiyo hakuna mtu nyumbani mle asiyejua.

"Sau-ngan, umekuja na mdomo wako?" dada akaniuliza nikiwa bado navua viatu.

"Nimeusahau kwenye tramu, dada."

"Bora uishie huko huko. Haya, kausha hao kamba, ukamue vizuri. Maji yakiingia kwenye mafuta, ya..." Akajikata mwenyewe. "Kausha tu."

Nikakaa na Man-wai, mke wa mtoto wao. Nikawakatakata kamba vipande vinene, ngisi vidogo zaidi, nikatia pilipili nyeupe, majani ya kitunguu, mafuta kidogo ya ufuta, nikakoroga upande mmoja mpaka nyama ikashikana. Man-wai akawa anatandaza manda za mayai, anaweka kijiko, anapaka ute wa yai ukingoni na kukunja. Dada akachovya kijiti cha kulia ndani ya karai. Povu dogo dogo likakizunguka. Mafuta tayari.

"Karai limefunguliwa," akasema.

Manda moja ikanichanikia mkononi. "Aa, hii imekuf..." Man-wai akanikanyaga mguu chini ya meza.

"Imechanua," nikasema.

"Mh! Nakusikia," dada akajibu bila kugeuka.

Tulicheka kimya kimya, mabega tu. Lakini mimi sikuwa na raha. Sebuleni, hatua chache kutoka jikoni, redio ya shemeji ilikuwa inatangaza mbio za farasi, na shemeji huwa hawezi kusikiliza farasi bila kuwatukana. Siku hiyo hakutukana hata mmoja.

"Mzee, vipi huko?" dada akapaza sauti.

"Kheri," akajibu.

Baadaye akaulizwa tena. "Kheri tupu." Sauti ilikuwa ndogo. Nikamtazama dada. Alikuwa anazigeuza wontoni zikipata rangi, midomo imekaza, hatazami popote. Mpaka leo najiuliza kama naye alisikia nilichosikia mimi.

Nikachukua sahani ya zile za mwanzo, na kibakuli cha mchuzi mtamu wenye ukali, nikampelekea. Aliipokea, akaiweka mapajani, hakugusa. Kulikuwa na baridi siku ile, hata mimi nilivaa sweta mbili, na yeye jasho lilikuwa linamtoka juu ya mdomo. Uso umepauka kama manda mbichi.

Nikapiga magoti. "Shemeji, ni kifua?" nikanong'ona.

Akafumba macho. Ndiyo.

"Kidonge?"

"Nimeshaweka."

"Basi inuka twende."

Akanishika kiganja. Mkono wake ulikuwa wa baridi, umelowa. "Kimebaki chano kimoja cha kukaanga," akasema. "Mwache amalize, Sau-ngan. Unamjua dada yako. Karai likimharibikia hatalala mwaka mzima. Usimwambie. Mimi nangoja tu."

Anangoja! Nilitamani kumzaba kibao mgonjwa wa watu. Niliinuka, nikasimama mlangoni pa jiko na kupiga kelele, "Dada, zima jiko! Mumeo anakufa!"

Man-wai akaachia kijiko. Dada akageuka, mwiko wa matundu mkononi, mafuta yanamchuruzikia kwenye kandambili asihisi.

"Tema mate!" akasema. "Tema mate useme upya!"

"Zima jiko kwanza!"

"Useme upya, Sau-ngan! Nakuomba!"

Sijawahi kumwona dada yangu akiogopa namna ile. Hakuwa mkaidi, jamani. Machozi yalikuwa yanamtoka, na alikuwa anaamini kabisa kwamba kwa mate yangu ataokoka mtu. Nikatema kwenye sakafu yake safi. "Mumeo mzima! Ataishi miaka mia! Haya, zima!"

Akazima. Man-wai alikuwa tayari anapiga simu. Tulipofika sebuleni sahani ilikuwa imemwagika zuliani, na shemeji ameegemea upande wa redio. Watu wa ambulensi walimteremsha kwa lifti, machela imesimamishwa wima kwa ufinyu wa lifti yenyewe. Hakufika hospitali akiwa hai.

Daktari alimuuliza dada maumivu yalianza lini.

"Maumivu gani?" dada akasema. "Alikuwa mzima kabisa. Nimemuuliza mwenyewe, akanijibu kheri. Alikuwa mzima mpaka huyu alipotaja lile neno." Akaninyooshea kidole.

Na ndivyo alivyosema kwenye mazishi, kwa kila aliyekuja kuinamisha kichwa. Shangazi zetu wakahamisha viti vyao. Hata leo siruhusiwi kuvuka mlango wake. Ananiona sokoni anageuzia uso kwenye matenga ya samaki.

Man-wai amenisihi mara nyingi. "Mama mdogo, baba alikwambia nini pale sebuleni? Mwambie mama. Utaonewa mpaka lini?"

Zipo siku hasira inanipanda mpaka nanyanyua simu. Mimi? Mimi niliyesema? Wengine wote walinyamaza, tena aliyenyamaza kuliko wote ni marehemu mwenyewe! Nabonyeza namba zake zote. Kisha namwona peke yake kwenye kile kifleti, akijua kwamba mumewe alikaa hatua chache nyuma ya mgongo wake, kifua kinambana, akimngojea amalize chano cha mwisho. Atakwenda nalo wapi hilo?

Naikata simu. Wacha aseme ni mimi.