Kifuniko cha Lenzi

Mama yangu hakuwa mtu wa sinema, ila kulikuwa na mwigizaji mmoja wa Korea aliyemkalisha kitako. Tulimtazama miaka mingi nyumbani kwetu, mtaa wa Waberi: kwanza akiigiza binti mkaidi, kisha mke, kisha mama wa watu. Mama alimpenda kwa kuwa humpokea mkubwa kikombe kwa mikono miwili. "Huyu amelelewa," alisema. Niliposoma kwamba sasa anaongoza filamu zake mwenyewe, na humo humo anaigiza, nilimpelekea mama habari kama ya harusi ya ukoo.

Mimi nilianzia nyuma ya kamera nikabaki huko huko. Napiga video za harusi, upande wa wanawake waliovua shungi. Mwanamume akitoa salamu mlangoni, kabla hujaitikia, funika lenzi. Nimelifanya hilo mpaka mkono unakwenda wenyewe. Kwa hilo niliaminiwa, na nilijivuna.

Mama hakukubali kupigwa picha hata siku moja. Hospitali iliposhindwa na ugonjwa wake ikaturudisha naye nyumbani, nilimwomba nimpige japo mara moja, nisije nikausahau uso wake. Alikataa wiki nzima. Asubuhi moja akasema, "Haya, leta hiyo fideo yako. Lakini na wewe kaa hapa mbele, hooyo, kama yule Mkorea." Hooyo ni mama, kwetu mama humwita hivyo hata mwanawe.

Dada yangu alitaka kunishikia kamera. Nilimwambia hajui kazi.

Nikaiweka juu ya sanduku, nikabonyeza, nikaketi. Hatujakaa vizuri, mjomba akatoa salamu mlangoni. Mama alikuwa kichwa wazi. Nikaruka, nikafunika lenzi kwa mazoea, ingawa ni kaka yake, nikaenda kupokea maziwa ya ngamia aliyoleta. Niliporudi mama alinishika mkono, akasimulia mbuzi aliowachunga kule Hulugho akiwa msichana, akaniombea dua, hata akacheka.

Niliifungua video hiyo baada ya mazishi. Uso wake upo sekunde chache, anauliza kama imeanza. Kisha salamu ya mjomba, kisha giza, na sauti yake hadi mwisho. Nililia kwa uchungu, na kwa hasira juu yangu mwenyewe.

Juzi nilitazama filamu mpya ya yule Mkorea. Kaongoza, kaigiza, na mwishoni yakapita majina ya waliomshikia kamera, mengi.

Dada yangu hajanilaumu. Siku moja moja huniomba amwone mama. Ninampa simu yenye video ile, naye hufumba macho, akasikiliza.