Samansi ya Jumamosi

Somo ninalofundisha huwasinzisha watu. Utaratibu wa kesi za madai: nani apelekewe karatasi gani, na asipopelekewa itakuwaje. Wanafunzi wangu hapa Kisii huliita dawa ya usingizi. Hata redioni, ninapoeleza sheria, mtangazaji hupiga miayo bila haya. Mimi nalipenda kupita kiasi, na wacha waseme.

Mwaka jana shangazi yangu wa Manga alinipigia simu akilia. Jirani alikuwa amekuja na wapimaji, akamwambia kwamba shamba la chai la bondeni si lake tena. Mahakama ilikuwa imeamua kesi bila kumsikia, kesi ambayo hata hakujua ipo. Niliendesha gari kutoka kwangu Kiogoro nikiwa nimefura kwa hasira, nikapitia mahakamani kwanza kutazama faili. Mle mlikuwa na kiapo cha mpeleka samansi: alimkuta shangazi Jumamosi asubuhi akichuma chai, akampa karatasi, shangazi akakataa kutia sahihi.

Nilipomsomea jikoni kwake, kilio kilikatika.

"Jumamosi?" aliuliza. "Mimi? Kwa chai?"

"Ndivyo alivyoapa, shangazi."

"Yaya! Hapana! Huyo si mtu ya huku."

Kweli hakuwa. Upande ule wote ni Wasabato. Jumamosi kituo cha kupimia chai hufungwa, gari la kiwanda halipiti, na majani hata yakomae vipi hayaguswi. Tangu nimjue, shangazi hushinda kanisani siku hiyo, safu ya mbele, akiwakosoa wanakwaya wenzake. Nilicheka hadi nikashika ukuta.

Kwa kuwa mimi pia ni wakili, nikaomba hukumu itenguliwe. Mahakamani nilimuuliza mpeleka samansi, kwa upole kabisa, chai ya siku hiyo ilipimwa wapi.

"Kwa kituo," akajibu. "Kulikuwa na foleni refu."

Kina mama wa Manga waliojaza mabenchi waliangua kicheko, na karani akalazimika kuwanyamazisha. Hakimu alitengua hukumu siku hiyo hiyo.

"Sasa tumeshinda?" shangazi aliniuliza nje.

"Bado. Sasa ndiyo watakusikiliza."

"Basi waambie wabebe chakula."

Hatimaye shamba lilibaki lake, lakini furaha yangu kubwa ni ya siku aliyotoa ushahidi. Alianza na marehemu mume wake alivyong'oa visiki, akaja kwenye miche, akaeleza ni nani aliyeibeba kichwani na mvua ilinyesha vipi. Wakili wa jirani alisimama kumkatiza, hakimu akamwambia akae. Nami, mwalimu mzima, machozi yalinitoka huku nacheka, kwa sababu yote niliyowahi kufundisha yalikuwa kwa ajili ya mama huyu kuachwa aseme, na ndiyo kwanza alikuwa anafika kwenye mpaka wa shamba.