Voleyi Ndani ya Maji

Mungu alimwita Révérien mwezi wa pili, na siku ya maziko wengi walisema alikuwa mtu mpole. Hakuwa mpole. Alikuwa shemasi, alisali kila asubuhi, lakini kwa habari ya uwanja wake hakumwogopa mtu.

Kabla yake, chuo chetu cha Uvira hakikuwa na michezo. Kilikuwa na kiwanja kimoja cha udongo kando ya ziwa. Hapo, kwa miaka kumi na tisa, alifundisha peke yake mpira wa miguu, mpira wa mikono, mbio na voleyi. Mistari ya michezo yote aliichora kwa majivu aliyopewa na Florentine, mama mkausha samaki wa bandari ya Kalundu. Wageni ilikuwa inawachanganya. Wanafunzi wake walijua kila mstari na mchezo wake.

Mwaka ule ziwa lilipopanda, maji yakafunika kiwanja. Mkurugenzi akamwita ofisini.

"Wasichana wa Bukavu wanakuja Jumamosi kwa voleyi, na hatuna pa kuchezea. Tukikosa mchezo wa nyumbani, ligi inatufuta, na minye nafunga michezo yote. Ni mapenzi ya Mungu."

"Alikuambia lini, Mukubwa?"

"Maji iko kwa magoti, mzee!"

"Minye napiga magoti kila asubuhi. Hiyo habari sijaisikia."

Kesho yake akamwaga majini magunia mawili ya majivu. Yakaelea kidogo, yakaenda zake. Révérien akasimama pale, suruali imekunjwa, kama mtu aliyeibiwa mchana.

"Bwana, ziwa ni lako," akasema kwa sauti. "Lakini uwanja nilichora minye!"

Florentine, aliyekuwa anafika na gunia la tatu kichwani, akaangua kicheko.

"Koch, weye unaunga ziwa kwa majivu kama mboga? Wavuvi wanaweka alama kwa kamba yenye maboya."

Révérien akahesabu michezo yake kwa vidole. Mpira wa miguu majini hauendi. Wa mikono lazima udunde. Mbio ndiyo kabisa. Lakini mpira wa voleyi ukishagusa chini umekwisha kufa. Wa nini udongo?

Jumamosi kamba ya maboya ilikuwa imefungwa kwenye vigingi vinne, na wavu juu ya nguzo zake. Wasichana wa Bukavu wakasimama ukingoni, viatu mkononi.

"Munacheza ao munavua ndagala?" kapteni wao akauliza.

"Ingia, tukuvue weye," akajibu Laure, kapteni wa chuo.

Mjumbe wa ligi akashuka, akapima kamba, akaikuta sawa. Akasema, "Wageni wakikubali, nitaandika kwamba mchezo umechezwa."

"Waulize," Révérien akapaza sauti, "kama hawaogopi kulowa!"

Kapteni wa Bukavu alikuwa ameshaingia, maji yanamrukia hadi kifuani.

Walicheza seti tano. Ya mwisho, wasichana wa Révérien wakashindwa kwa pointi mbili. Mkurugenzi, aliyekuwa juu ya ukuta wa chuo na viatu vyake vikavu, akatikisa kichwa.

"Unaona? Tumeshindwa."

"Ndiyo, Mukubwa. Tumeshindwa kwetu, tukiwa tunacheza." Révérien akamgeukia mjumbe, maji yakimchuruzika ndevuni. "Ndugu, andika. Umechezwa Uvira, nyumbani."

Mjumbe akaweka karatasi juu ya mgongo wa Laure, akaandika. Révérien akapuliza filimbi.

"Jumatatu mazoezi! Mulete nguo za kubadilisha."