Korongo Aliyezimika Kwenye Ramani

Andika kama ninavyosema, mjukuu wangu, wala usinipambie maneno. Ukidhani nimekosea, niulize, usinisahihishe kimyakimya.

Mvua ya mawe ilikuwa imeupiga mtaa wetu wa Kabiria, hapa Nairobi, mchana huo. Ilipotulia nilitoka kuwatazama kuku wangu, nikamkuta korongo mweupe amesimama matopeni kando ya banda, mabawa yake yenye ncha nyeusi yamelegea kama nguo zilizosahauliwa kwenye kamba. Mgongoni alibeba kidude cheusi kilichofungwa kwa mikanda. Mbwa wa jirani walikuwa wamekwisha kumwona. Nilimrushia leso niliyojifunga kiunoni, nikamkumbatia, nikamwingiza bandani.

Fundi wa pikipiki wa ploti ya pili akachungulia juu ya ua.

"Shosho, achana na hiyo ndege! Si unaona kamera? Hiyo imetumwa kutupeleleza."

"Basi funga mdomo, isije ikarudi na sura yako."

"Mimi nimekuambia tu. Wenyewe wakikuja, sikujui."

Kwetu magharibi, mgeni aliyechoka haulizwi atokako kabla hajala na kulala. Nilimlowekea omena, dagaa wetu wa ziwani, akazimaliza, na kuku wakamwachia kona nzima kwa hofu. Nikamfungia humo chini ya mabati, siku baada ya siku, mpaka nguvu zimrudie. Hata hivyo, kidude kile kilinisumbua akili. Nilikigusa: hakikuwa na joto wala mlio. Juu yake palikuwa na kioo cheusi, mfano wa sola iliyo juu ya paa letu. Nani humtwisha ndege mzigo, na ndege hukubalije?

Asubuhi moja akaja binti mwenye matope hadi magotini, simu mkononi. Alikuwa amezunguka mitaa jirani ya Waithaka na Riruta akiuliza nyumba kwa nyumba.

"Shosho, samahani. Umeona ndege mkubwa mweupe? Hata kama amekufa, niambie tu."

"Wewe ni nani wake?"

Akanionyesha simu. Alieleza kwamba kidude kile husikiliza mitambo iliyo angani ili kijue mahali kilipo, kisha hutuma habari kwa mtandao wa simu, na nguvu zake hutoka kwa jua. Kazi ya binti ni kufuata habari hizo. Kwenye ramani palikuwa na mstari mwekundu uliotoka Ulaya, ukapita Misri, ukashuka na mto Nili, ukaishia kwa nukta moja: boma langu. Kuanzia hapo, kimya; ndiyo maana alidhani ndege amesogea, akatafuta kwanza mitaa ya jirani. Jioni hiyo wenzake wa kazini wangemhesabu korongo miongoni mwa wafu. Binti mwenyewe alikuwa amemfuata misimu mingi bila kumwona hata mara moja kwa macho.

"Hajafa," nikasema. "Na amekula kukushinda."

Nilipofungua banda, binti aliketi pale pale matopeni, akacheka huku anajifuta machozi.

"Kumbe ni mabati! Shosho, umemnyima jua. Kidude kimezimika."

"Nimewanyima mbwa nyama," nikamjibu. Sikuomba radhi.

Nilimwambia anionyeshe tena ule mstari, kwa maana palikuwa na jambo lililonikera. "Mbona hapa amezunguka bahari yote? Si angekata katikati?"

"Hapendi kupiga mabawa, Shosho. Hupanda hewa ya moto inayoinuka kutoka nchi kavu. Baharini hewa hiyo ni haba."

"Kumbe naye hungoja gari!"

Jua lilipokuwa kali tulimpeleka kwenye kiwanja kilicho nyuma ya ploti. Hatukujua kama angeweza kuruka. Alikimbia, akajirusha, akaanguka kifudifudi. Binti akaushika mkono wangu kwa nguvu mpaka ukauma. Fundi, aliyekuwa amejificha nyuma ya pikipiki, akapaza sauti: "Piga gia, mzee!" Korongo akakimbia tena, akainuka juu ya mabati, akayumba, kisha akayatandaza mabawa na kuacha kuyapiga. Akazunguka polepole, kila duara juu ya lingine, kana kwamba kuna mkono unaomnyanyua. Halafu akageukia upande wa milima ya Ngong.

Binti akaitazama simu. Nukta ilikuwa ingali bandani mwangu.

"Kidude bado hakijashiba jua," akanong'ona. "Labda kesho. Labda kisiwake tena."

Nikamwamuru aitie simu mfukoni, atazame juu kungali na cha kutazama.