Supu Nyepesi ya Magokoro

Sisi tuliokulia kwenye kilima cha Manga kabla ya stima kufika huko, pua zetu zilikuwa na kazi. Ukitoka shule na matope mekundu hadi magotini, ungepita bomani kwa watu ukajua bila kuuliza kwamba hapa wamepika mboga ya chinsaga na maziwa, pale ugali wa wimbi umeungua kidogo, na kule kwenye mti wa parachichi kuna mgeni, maana kuku amechinjwa na si sikukuu. Mtoto wa siku hizi sufuria itaungulia mbele yake na yeye macho yako kwenye simu. Akisikia harufu atauliza kama ni kwa jirani.

Kwetu harufu iliyojulikana ilikuwa ya vitunguu. Baba alikuwa mpishi katika nyumba ya meneja wa shamba la chai huko Kericho, na huko ndiko alikojifunza supu ambayo sisi watoto tuliiita supu ya Kericho. Alikuja nyumbani mwisho wa mwezi, na Ijumaa mchana, kabla jua halijatua na Sabato kuingia, alivua koti, akakunja mikono ya shati, akaketi jikoni kwa mama kumenya vitunguu. Vilikuwa vitunguu vyekundu vya soko la Keumbu, beseni zima. Alivikata vyembamba, akavitia kwenye siagi nyingi na mafuta ya ng'ombe, akavikoroga mpaka vikawa na rangi ya udongo wetu. Kisha akamwagia mchuzi wa mifupa uliochemka tangu asubuhi, na juu akaweka kipande cha mkate kilichokaangwa kwa siagi hiyo hiyo. Ukinywa supu ile midomo ilikuwa inateleza. Tulilamba bakuli tukagombania sufuria.

Lakini si kila mtu aliifurahia mara moja. Mama mzazi wa baba, ambaye sisi tulimwita Magokoro kama watoto wa Kisii wote wanavyowaita nyanya zao, alikuwa na nyumba yake ndogo ng'ambo ya migomba, na siku ya kwanza aliposikia kwamba mwanawe ameshika mwiko alikuja mbio. Enzi hizo mwanamume mzima kuingia jikoni ilikuwa ni habari ya kupelekwa hadi sokoni. Magokoro alikaa kwenye kigoda karibu na mlango, akaiweka bakora yake magotini, akamtazama baba mikononi kama askari anayemlinda mfungwa. Alituambia sisi wajukuu kwamba mwanawe hakuzaliwa hivyo, na kwamba kuna mtu alimtilia kitu kwenye chai. Hakumtaja mtu. Alimtazama mama tu.

Mama aliona aibu. Kila baba alipopika, yeye alichukua kikapu chake akaenda kuchuma majani chai, hata kama mvua ilikuwa inakuja. Kwa hiyo katika nyumba ile aliyejua vizuri jinsi supu ilivyopikwa, kando na baba, alikuwa Magokoro, kwa sababu ya kumvizia. Na ajabu ni kwamba aliizoea supu yenyewe kuliko sisi sote. Alimaliza bakuli, akasema bado hajaridhika kwamba haina kitu ndani, aongezewe kidogo aihakikishe.

Halafu Magokoro akaanguka. Alikuwa shambani, kikapu mgongoni, akaketi ghafla kati ya mistari ya chai na hakuweza kuinuka. Walimpeleka hospitali ya misheni kwa machela ya mablanketi, na daktari akasema ni presha, na moyo umechoka. Hakuna mafuta, hakuna siagi, chumvi kidogo sana. Akitaka kuona wajukuu wakikua, aache. Baba alikuja, akamuona mama yake, akalia kwa siri nyuma ya nyumba, kisha akarudi Kericho kwa sababu kazi haimngoji mtu. Kumlisha Magokoro ikawa juu ya mama.

Magokoro alirudi nyumbani na sharti moja: hataki uji wala mboga za kuchemsha, anataka supu ya vitunguu. Mama alifanya alichoweza. Alichukua vitunguu, akavichemsha kwa maji, akatia kipande cha nyama isiyo na mafuta, basi. Ilitoka nyeupe, na vitunguu vikielea kama vitambaa vilivyosahauliwa kwenye karai. Mimi ndiye niliyetumwa kuipeleka ng'ambo ya migomba.

Magokoro aliifunua, akaitazama, akanitazama mimi. Akaniuliza nyumbani wamekula nini. Nikasema supu. Akauliza ya rangi gani. Nikasema kama hiyo. Akanishika kidevu, akanigeuza uso kwenye mwanga wa mlango, akanusa mdomo wangu. Hakusikia harufu ya siagi, lakini hilo halikumtuliza. Alisema mama amenifundisha kusukutua kabla ya kuja.

Tangu siku hiyo sikuwa na raha. Magokoro hakugusa bakuli mpaka nionje kwanza, na baada ya kuonja alinikalisha kitako mpaka aridhike kwamba sijaanza kuumwa tumbo. Nikirudi nyumbani, mama naye alinishika mikono akainusa, kwa sababu Magokoro alikuwa na rangi nzuri kuliko alivyotarajia, na mama alianza kuamini kwamba mtu anampelekea mafuta kwa siri. Magokoro alimshuku mama, mama alinishuku mimi, na mimi nikaanza kumshuku kila mtu. Nilipomwona mama akifunika sufuria haraka niingiapo, nilijiuliza anaficha nini. Wakati huo ndipo nilipokumbuka pia kwamba hata sisi hatukuwa tumeona siagi mezani tangu Magokoro atoke hospitalini. Nilidhani mama amekuwa bahili.

Maneno yakaanza kutembea. Magokoro aliwaambia wanawake wa kanisa waliokuja kumwombea kwamba mkaza mwanawe anampa maji ya kuoshea sufuria, huku ng'ambo ya migomba watu wanakula supu ya Kericho na kupangusa midomo. Alisema amechoka kuzuia watu kupumua, atahamia kwa binti yake aliyeolewa Masimba, akafie huko. Mama alisikia hayo kisimani. Alirudi na mtungi nusu, akauweka chini, akaendelea na kazi. Lakini usiku ule niliwaza sana, maana kwetu mama mkwe akihama boma kwa sababu ya chakula, huyo mke hatainua macho tena mbele ya watu.

Siku iliyofuata, jua likielekea kuzama, tulikuwa jikoni na mama na mdogo wangu Nyakundi tukingoja chakula. Mlango ulisukumwa bila hodi. Alikuwa Magokoro, amekuja peke yake kwa bakora, ameloa jasho, pumzi zinamtoka kwa shida. Sijui alipandaje ule mteremko. Hakusalimu. Alikwenda moja kwa moja kwenye moto, akashika kitambaa, akafunua sufuria yetu kubwa.

Mvuke ulimpanda usoni. Akachukua upawa, akakoroga hadi chini, kama mtu anayetafuta kitu kilichozama. Akauinua, akautazama, akaonja. Akarudia kuonja. Kisha akamgeukia mama.

"Mama Kwamboka," alisema kwa sauti ya chini, akimwita kwa jina langu kama kawaida, "hii ndiyo mnayokula?"

"Ndiyo, Mama," mama akajibu. "Tangu ulipotoka hospitalini. Niliona si vizuri wewe ule hii na sisi tule ile."

"Hata watoto?"

"Hata watoto."

Magokoro aliketi kwenye kigoda kilichokuwa karibu. Alitutazama mimi na Nyakundi, miguu yetu myembamba, na nafikiri hapo ndipo alipoelewa kwa nini mjukuu wake hakunuka siagi. Tulingoja aombe msamaha. Watu wa rika lake hawakuwa na hiyo tabia. Alichosema ni kwamba supu hii ni mbaya, na kwamba haiwezekani nyumba nzima iteseke kwa sababu ya moyo wa mtu mmoja. Akamwambia mama alete vitunguu vingine.

Mama alileta, bado haamini kama amesamehewa au amehukumiwa. Magokoro akaanza kumwelekeza. Usivichemshe, alisema. Mwanangu hakuvichemsha hata siku moja, nilimwona kwa macho yangu. Aliondoa kuni kubwa, akabakiza makaa. Akamwambia mama atie mafuta ya kula kijiko kimoja tu, avitie vitunguu, afunike. Vikianza kushika sufuria, usikimbilie mafuta, weka maji kidogo kwa kijiko, vikwangue, ufunike tena. Mama alikoroga, Magokoro akachungulia. Mama akataka kuharakisha, Magokoro akampiga mkono kidogo. Vitunguu vilinywea, vikalia, vikaanza kugeuka manjano, kisha hudhurungi, kisha ile rangi ya udongo tuliyoijua. Harufu ikajaa jiko, ikatoka nje. Nyakundi alisogea karibu mpaka mama akamsukuma.

Ilibaki mchuzi. Hilo lilikuwa la mama. Kwa kuwa kila wiki tulipika Ijumaa na hatukuwasha jiko Sabato, alikuwa ameona mara nyingi jinsi mchuzi uliolala kwenye baridi ya Manga ulivyofanya utando mgumu wa mafuta juu, mweupe kama nta. Alisema mifupa ichemshwe leo, ilale, kesho utando uondolewe wote, ubaki mchuzi tu. Magokoro alifikiri, akakubali, ila akasema utando huo utaondolewa yeye akiona, na utatupwa yeye akiona, asije mtu akaurudisha. Na kesho yake alikuja kweli, akaketi kwenye kigoda, akatazama kila kipande kikitolewa. Mkate ulichomwa mkavu juu ya makaa. Badala ya chumvi wakakamulia ndimu.

Haikuwa supu ya Kericho. Midomo haikuteleza. Lakini ilikuwa tamu, tamu ya vitunguu vyenyewe, na Magokoro alimaliza bakuli bila kunilazimisha kuonja. Masimba haikutajwa tena.

Baba alipokuja mwisho wa mwezi, aliwakuta mama na mama yake wamekaa pamoja wakimenya vitunguu, machozi yakiwatoka wote wawili, wakimsema jirani. Alisimama mlangoni kama mtu aliyekosea boma. Alipewa bakuli. Akaonja, akaweka kijiko chini, akasema mmetia siagi, daktari alisema nini? Mama akaapa hakuna siagi. Baba akaenda kukagua kabati, akakagua chini ya meza, hata akanusa mwiko. Magokoro alimwacha atafute. Alikunywa supu yake polepole, na sijawahi kumwona mtu mwenye furaha kama ile.

Aliishi hadi nikamaliza shule ya upili. Kila Ijumaa alikuja kwenye kigoda chake na kusimamia, akimwambia mama moto ni mwingi, hata moto ulipokuwa sawa. Mama alilalamika kwetu kila Ijumaa, na Ijumaa ambayo Magokoro alichelewa, mama ndiye aliyenituma niende nione kuna nini.

Sasa ni zamu yangu. Daktari wa kliniki ameniambia presha imepanda, nipunguze mafuta. Binti yangu Moraa, anayefanya kazi Nairobi, alipopata habari alikuja wikendi moja na mashine ya umeme ya kusaga, chupa ya mafuta ya kupuliza kama dawa ya mbu, na unga wa mchuzi wa pakiti. Alipika supu ya vitunguu huku simu ikimsomea maelekezo. Dakika chache tu ikawa tayari. Nilimuuliza vitunguu vimeiva saa ngapi, akacheka akasema, "Mum, relax, iko sawa." Nikauliza unga ule ndani kuna nini. Akasoma nyuma ya pakiti majina ambayo sikuwahi kuyasikia katika soko lolote.

Sitasema haikuwa nzuri. Ilikuwa nzuri. Alinipakia nyingine kwenye vikopo vya plastiki, akavipanga kwenye friji, akaandika siku juu ya kila kimoja, akanibusu, akarudi Nairobi Jumapili jioni. Huwa ananipigia kila siku kuuliza kama nimekula, nami humwambia nimekula, naye huniamini. Enzi zetu neno la mtu halikutosha hivyo. Magokoro angekuja mwenyewe kwa miguu, akasukuma mlango, akaangalia. Mimi hupasha kikopo changu, nikaketi mezani, nikasikiliza kama kuna mtu anapita njiani.