Supu ya Maharage ya Mama Sifa

Nakumbuka siku moja, mwanangu, nimekaa sakafuni katika chumba chetu katikati ya mji wa Durban, mtoto analia kitandani, nami sinyanyuki.

Wiki ile tulikuwa tumemzika mume wangu, Idi. Alitoka asubuhi kwenda kiwandani Pinetown, taxi aliyopanda ikapinduka njiani. Hatukuweza kumrudisha Tanga. Akalazwa katika udongo huu, mbali na mama yake. Majirani walikuja, wakanipa pole, wakarudi kwenye saluni na maduka yao. Siwalaumu. Wazee walisema kilio huanza mfiwa. Mimi nikaona pia kwamba hukimaliza peke yake.

Chakula hakikupita kooni. Maziwa yakakauka. Binti yangu Zuhura alikuwa akinyonya, anaachia, analia, mpaka sauti yake ikawa nyembamba kama ya paka.

Ndipo akaingia Mama Sifa, Mkongomani wa chumba cha pili, muuza mboga kule sokoni Warwick. Hodi hakupiga. Alimtazama mtoto, akanitazama mimi.

"Mtoto iko analia, na weye iko unaangalia ukuta."

"Niache, mama. Nataka kumfuata Idi."

"Njia ya kumfuata iko. Lakini huyu mtoto hakukuomba kwenda."

Neno lile liliniuma kuliko kofi.

Hakungoja nijibu. Alikuja na maharage aliyokwisha kuyachemsha, akayatia katika sufuria yangu pamoja na mfupa wa nyama iliyokaushwa kwa moshi, kitunguu na nyanya. Maharage mengine akayaponda kwa mwiko ili mchuzi uwe mzito. Majani ya maboga na spinachi akayatia mwisho, maana mboga haitaki kukaa sana motoni. Chumba kikanukia, nami nikaichukia harufu ile, kwa kuwa Idi hangeisikia.

Akanilisha kwa kijiko. Nikameza huku nalia. Nikamuuliza kama uchungu huu utapita.

"Hapana," akasema. "Wana wangu wawili walikufa kwa vita. Ile siku nilikula, nikajichukia. Kesho yake nikakula tena. Ni ile tu."

Nilitaka aniambie neno zuri zaidi. Akajaza kijiko kingine.

Akaja kesho yake, na kesho kutwa. Maziwa yakarudi kidogo kidogo, Zuhura akaishi. Lakini usidhani supu iliniponya, mwanangu. Nimezeeka, na hadi leo taxi ikipiga honi asubuhi moyo hunianguka. Maji yakimwagika hayazoleki. Mama Sifa mwenyewe alifia hapahapa Durban, makaburi ya wanawe asiyaone.

Basi nisikilize. Msiba ukikupata, usingoje tumaini lirudi ndipo ule, huenda lisirudi. Kula bila hamu, kwa ajili ya anayekutegemea. Na mwenzio akifiwa, usiishie kumpa pole mlangoni. Ingia, washa jiko, mpikie, ukae naye mpaka ameze. Wala usimdanganye kwamba yatapita.

Mwenyezi Mungu aikawize siku yako ya msiba, mwanangu, na itakapofika, akuletee mtu wa kukaa nawe. Amina.